Waliokula Perege Wangu

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo huwa inanijia hata nisipoiita. Naweza kuwa nachambua mchele, au nimekaa tu barazani nasubiri maji ya chai yachemke, mara nasikia mtu anamwambia mwenzake "Hujambo?" na yule anajibu "Sijambo," na hapo hapo mwili unanisisimka. Watu huniuliza, vipi Bi Sauda, unasikia baridi? Nawajibu ndiyo, baridi. Baridi ya Kariakoo hiyo, saa saba mchana! Leo nataka nikwambie wewe inatoka wapi.

Nilikuwa na miaka ishirini na saba, ulimi mkali, na najiona mjanja wa mtaa mzima. Nilikuwa nakaanga samaki kwenye baraza ya nyumba moja Mtaa wa Narung'ombe. Karai moja, jiko la mkaa, meza, na sanduku la kioo la kuwazuia nzi. Kila alfajiri nilikwenda Feri kununua. Jumatatu ile bahari ilikuwa imechafuka kwa siku ya tatu, wavuvi hawakutoka, na samaki wachache waliokuwepo hawakushikika kwa bei. Nikarudi mikono mitupu, nimenuna. Sijakaa hata dakika tano akatokea bwana mmoja anasukuma baiskeli, ndoo mbili nyuma zimefunikwa kwa majani ya mgomba.

"Dada, perege hawa. Wa Rufiji, wabichi kabisa."

Ninyi siku hizi mnakula sato wa kufugwa waliolala kwenye barafu wiki nzima, kwa hiyo nikuelezee. Perege wa mtoni ni samaki mdogo, wengi hawazidi kiganja cha mkono. Mgongo mweusi mweusi, mkia una wekundu kwa mbali. Ana miiba ya kumtia adabu mtu mwenye haraka, lakini ukimkaanga akakauka sawasawa unamtafuna mpaka kichwa. Anakaa kwenye mito na madimbwi yake, hana habari na bahari. Bahari ikichafuka yeye yupo tu, na ndiyo maana siku ile nilimwona kama mkombozi wangu.

Nikamuuliza yule bwana, "Wa Rufiji wa leo hii?"

"Wa leo hii, dada yangu."

Sasa, mwanangu, Rufiji siyo Magomeni. Mtu hatoki huko kwa baiskeli akafika Kariakoo asubuhi na samaki bado wanateleza mkononi. Nilijua haiwezekani. Nilijua kabisa, na bado nikachukua ndoo moja, kwa sababu karai langu lilikuwa tupu na bei aliyonitajia ilikuwa ya kutupa. Alipokea chake akaondoka mbio, hata kuniaga hakuniaga, na sijamwona tena mpaka leo.

Nilipokuwa nawaparua magamba niliona kitu. Perege kama watatu hivi, nilipowafungua mdomo kutoa matamvua, walimwaga vijiyai vya manjano, vidogo kama punje za mtama. Mayai mdomoni! Nikashangaa kidogo, nikasuuza, nikaendelea. Matumbo nikamtupia paka wa kijivu aliyekuwa anakuja kila asubuhi kulala chini ya meza yangu. Nikatia chumvi, ndimu na pilipili, nikabandika karai.

Mkupuo wa kwanza, samaki watano tu, ulipotoka nikapata wateja wawili. Wa kwanza ni Mzee Shomari, fundi cherehani, aliyekuwa na kibanda chake mwisho wa mtaa jirani na msikiti. Mzee mpole, miwani imefungwa kwa uzi, anacheka na kila mtu. Nikamfungia wawili kwenye gazeti, akaniombea dua kama ilivyokuwa kawaida yake, akaenda zake.

Wa pili ni Ndeshi. Huyu alikuwa rafiki yangu, na nikisema rafiki namaanisha mtu ambaye naingia kwake bila kupiga hodi wala kuuliza kama kuna mgeni. Alikuwa Mchaga, mumewe ana duka la jumla la ndoo na mabeseni, nao wakiishi uani, nyuma ya duka. Alikuwa na mimba ya kwanza, ya miezi sita. Alipokuja mjini kuolewa alikuwa hali samaki kabisa. Kwao mlimani kulikuwa na ndizi na nyama, na samaki alimwogopa kwa miiba. Mimi ndiye niliyemfundisha kula, nikimtania mpaka anatoa machozi kwa kucheka. Mimi ndiye niliyemwambia utamu wote uko kichwani. Basi asubuhi ile akasimama pale pale mezani kwangu akala wawili, vichwa na vyote, akalamba vidole na kusema, "Dada Sauda, umeniharibu, sasa mtoto wangu atazaliwa ananuka Feri."

Tukacheka. Mimi mwenyewe nilikuwa nimeonja mkia mmoja tu.

Saa sita ikanikuta nimeshaandaa mkupuo wa pili, sijautia kwenye mafuta. Akapita mama wa Jangwani aliyekuwa akiniuzia ndimu, amebeba tenga kichwani na uso umemshuka.

"Mwenzangu, leo bondeni kwetu kuna balaa," akasema. "Kuna mtu kamwaga dawa ya wadudu kwenye dimbwi la mto, eti avue bila kuhangaika. Samaki wanaelea matumbo juu, watu wanawazoa kwa ndoo. Bata wangu wanne wamekunywa yale maji, wamekufa wote."

"Samaki gani?" nikamuuliza.

"Perege."

Akachagua ndimu zangu akazihesabu, na mimi nazitazama mikononi mwake bila kusikia anasema nini. Alipoondoka nikainama chini ya meza. Paka hayupo. Nikaita, nikazunguka nyuma ya nyumba, nikamwona kwenye mtaro. Alikuwa amelala ubavu, miguu imenyooka, mdomo una povu. Bado anahema, kwa mbali.

Mwanangu, nimewahi kuogopa mambo mengi. Lakini siku ile niliuogopa mwili wangu mwenyewe. Mate yalinijaa, na hapo hapo nikakumbuka ule mkia niliouonja. Nikaanza kujisikiliza. Je, ulimi una ganzi? Je, hili jasho ni la jua au la sumu? Nikashika ukuta nikasoma kila dua niliyoijua, na nyingine nikazichanganya.

Kisha ikaja hofu ya pili, na hii ndiyo iliyoniponza. Niliiona picha yote. Nikisema, mtaa utajaa. Watu watasema Sauda anauza sumu, watavunja sanduku langu la kioo, watanipeleka kwa mjumbe wa nyumba kumi na kutoka hapo polisi. Jina langu litaanza Narung'ombe na kabla ya alasiri limefika Mchikichini. Nani atanunua hata andazi mkononi mwangu? Nikafunika ndoo kwa kanga. Nikamwambia mteja aliyekuja kwamba samaki wameisha. Nikajiambia: subiri kwanza, Sauda. Usijitangaze bure. Nenda ukawaangalie hao wawili. Kama wako wazima, basi jambo limepita, na hakuna haja ya mtu kujua.

Nikajifunga mtandio nikaenda.

Mzee Shomari nilimkuta anakanyaga cherehani, kanzu ya mtu mapajani.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Hujambo?"

"Sijambo. Habari za tangu asubuhi?"

"Nzuri, alhamdulillahi. Habari za biashara?"

"Nzuri."

"Nyumbani hawajambo?"

"Hawajambo."

Nikasimama. Yeye akavua miwani, akanitazama. "Una jambo, Sauda?"

Nililisikia swali lile vizuri. Lilikuwa limeniachia mlango wazi kabisa. Nikasema, "Sina, mzee. Nilikuwa napita tu." Nikaona juu ya rafu yake lile gazeti langu lenye madoa ya mafuta, limekunjwa. Nikadhani ndani yake kuna miiba. Nikamtazama usoni, macho meupe, mikono haitetemeki. Nikamshukuru Mungu, nikaenda kwa Ndeshi.

Uani kwao kulikuwa kimya. Chumba chao kilikuwa na pazia mlangoni, limeteremshwa. Siku zote nililisogeza pazia lile na kuingia. Siku ile nikasimama nje.

"Hodi. Ndeshi?"

"Karibu," akajibu kutoka ndani. Sauti ilikuwa chini.

"Hujambo?"

Akakawia kidogo. "Sijambo, dada. Nimejilaza tu."

"Na mtoto wetu, hajambo?"

"Hajambo."

"Basi pumzika, nitakuja baadaye."

Sikulisogeza pazia, mwanangu. Mkono ulinyanyuka, nikaushusha. Nilikuwa nimepata jibu nililolitaka, na nikaogopa kwamba nikitazama nitapata jingine. Nikarudi kwenye baraza yangu nikitembea kwa furaha. Nasema kweli, nilikuwa na furaha. Nilinunua hata maji ya kunywa ya baridi njiani, nikanywa kwa raha zangu. Kitu hicho ndicho ninachokionea aibu kuliko vyote.

Jirani yangu pale barazani alikuwa Bi Kidani, mwanamke wa Rufiji, mtu mzima sana, akiuza mikeka. Mguu wake mmoja ulikuwa umevimba miaka na miaka, akitembea anaburuza. Alasiri ilipoadhiniwa alisali pale pale kwenye mkeka wake, na alipomaliza akaiona ndoo yangu iliyofunikwa.

"Umefunika nini, na siku nzima hukaangi?"

"Perege, Bi Kidani. Wameharibika kidogo."

Mtu wa Rufiji humwambii perege ameharibika akakubali bila kutazama. Akavuta kanga, akachukua mmoja, akamnusa, akamfungua mdomo kwa kidole gumba. Vijiyai vya manjano vikamwagika kwenye kiganja chake. Akachukua wa pili. Vilevile. Uso wake ukabadilika.

"Nani kakuuzia hawa?"

"Mtu wa baiskeli. Kasema wa Rufiji."

"Sikiliza, Sauda. Mama perege anawalea wanawe mdomoni. Mayai anayaweka humo, na wakishaanguliwa, wakiona hatari, wanarudi humo humo. Lakini akinaswa kwenye wavu, kwa kule kupapatika, huwatema. Tangu utoto wangu nasaidia kutoa perege kwenye nyavu, sijaona ndoo moja ikawa na kina mama wengi hivi waliokufa na mayai mdomoni. Hawa hawakupapatika. Hawa wamelishwa kitu wakalegea maji yakiwa yametulia." Akairudisha kanga juu ya ndoo. "Wangapi wameshakula?"

Sikuweza kusema uongo tena. Nikamweleza yote, ya mama wa ndimu na ya paka. Nikamalizia haraka haraka, "Lakini ni watu wawili tu, Bi Kidani, na nimeshawaona. Hawajambo."

"Uliwauliza nini?"

"Niliwajulia hali."

"Nimekuuliza uliwauliza nini."

"Nimewauliza hujambo. Wakasema hawajambo."

Bi Kidani alikuwa si mtu wa kupaza sauti. Alinishika mkono kwa nguvu mpaka nikaona uchungu. "Hujambo ni salamu, wewe! Mimi nilimzika mume wangu adhuhuri, jioni jirani kanipitia kaniuliza, Bi Kidani, hujambo? Nikamjibu sijambo. Ulitaka nimjibu nini? Wewe umekwenda kuwaamkia watu. Hukwenda kuwaonya."

Kisha akahesabu kwa vidole. "Leo Jumatatu," akasema. "Shomari kila Jumatatu na Alhamisi anafunga. Mtaa mzima unajua."

Lile gazeti lililokunjwa juu ya rafu halikuwa na miiba. Mzee Shomari alikuwa mzima kwa sababu hajala, na mimi nilisimama hatua mbili kutoka kwa wale samaki, nikamwuliza habari za tangu asubuhi, nikamwacha nao. Alikuwa anawangoja kwa futari.

"Kimbia kwa Ndeshi," Bi Kidani akasema. "Yeye ameshakula, huyo ndiye wa haraka. Shomari niachie mimi."

"Na huo mguu?"

"Kimbia!"

Nikakimbia, mtandio ukaanguka, sikurudi kuuokota. Nikapita katikati ya watu na mikokoteni nikigonga mabega ya wenyewe, wananitukana. Nikalisogeza pazia safari hii. Ndeshi alikuwa sakafuni, amejikunja, ameshika tumbo kwa mikono miwili. Nguo zimelowa jasho, mate yanamtoka, macho yananitazama lakini sijui kama yananiona. Pembeni kuna beseni, ametapika muda mrefu. Nikamwita mumewe kwa ukelele ambao sikujua ninao.

Akaingia mbio. Yule bwana alikuwa mtaratibu, mtu wa kupanga maneno, lakini siku ile maneno yalimtoka ovyo. "Malaria hii," akasema. "Alisema tangu mchana anajisikia vibaya. Ngoja nikamchukulie dawa hapo duka la jirani."

Hapo, mwanangu, nilikuwa na nafasi yangu ya mwisho ya kunyamaza. Ningeweza kusema sawa, nenda kachukue dawa ya malaria.

"Siyo malaria," nikasema. "Amekula samaki wangu. Samaki wana sumu, dawa ya wadudu. Nimejua tangu saa sita."

Alinitazama. Mpaka leo nikifumba macho nauona ule mtazamo. Hakunipiga, hakunitukana. Alisema tu, "Tangu saa sita?" Kisha akambeba mkewe mikononi akatoka naye barabarani, na mimi nyuma yake natafuta teksi huku nalia.

Hospitali daktari alikuja mbio, akauliza maswali mawili: amekula nini, na saa ngapi. Mume akanigeukia. Nikajibu mimi. Nikamwambia dawa ya wadudu, saa nne asubuhi, samaki wawili na vichwa vyao. Nikamwambia na mimi nimeonja mkia. Akamgeukia muuguzi wakazungumza maneno yao haraka, wakamsukuma Ndeshi ndani. Mimi wakanipima, wakanikalisha kwenye benchi, wakasema nisiondoke. Kabla hajaingia, daktari aligeuka akaniambia, "Afadhali umesema. Ila ungesema mapema, mama."

Nikakaa. Jua likawa linashuka kwenye dirisha la korido. Nikasikia adhana ya magharibi kutoka msikiti wa karibu, na adhana ile, ambayo maisha yangu yote ilikuwa inanituliza, siku ile ilinitia kichaa. Nilijua utaratibu wa Mzee Shomari. Tende moja, maji, anakwenda kusali, anarudi kibandani, anafungua futari. Nikamwona Bi Kidani na mguu wake, anaburuza katikati ya watu wa jioni wa Kariakoo, na jinsi mtaa ule ulivyo mrefu kwa mguu kama ule. Nikamwona Mzee Shomari ananawa mikono. Nikasimama nikaenda mlangoni, nikarudi, nikasimama tena. Hata ningekimbia mpaka huko, ningemkuta ameshakula.

Nikwambie alichofanya Bi Kidani, kwa sababu mimi nilikuja kukisikia baadaye. Kwanza alimtuma mtoto mmoja, akamngoja mpaka jua linakuchwa asirudi, ndipo akajaribu kutembea mwenyewe. Alifika kama nyumba ya tatu, akaona kwamba hatafika. Basi yule bibi, ambaye sijapata kumsikia akipaza sauti hata kwa mtu anayemdhulumu, akasimama katikati ya barabara, akaweka mikono mdomoni akapiga ukelele: "Shomari! Usile samaki! Mwambieni Shomari asile samaki, wana sumu!"

Muuza viatu akamsikia, akageuka akampigia kelele muuza vitenge. Muuza vitenge akampigia wa sufuria. Wapiga debe wakaidaka, na wale wana sauti. Wachukuzi wenye mizigo mabegani wakaipokea, watoto wa watu wakaidaka, mpaka mtaa mzima, Waislamu na Wakristo, wenye maduka na wenye matenga, wote wakawa wanapiga kelele neno moja: "Mzee Shomari, usile samaki!" Wengi wao hawakujua hata Shomari ni nani. Likamfikia ametoka msikitini, gazeti limefunguliwa mbele yake, amesema bismillahi, na kipande kiko vidoleni. Akakiweka chini.

Unaona, mwanangu? Mchana kutwa nilikuwa nauogopa ule mtaa. Niliogopa utajua, na niliogopa utapiga kelele. Na kelele zake ndizo zilizomwokoa yule mzee. Mimi niliyemtembelea kwa miguu yangu, nikamwamkia kwa adabu zote, nilikuwa nimemwacha afe.

Ndeshi alikaa hospitali siku nane. Siku ya pili asubuhi niliruhusiwa kumwona. Alikuwa amelala chali, midomo imekauka, mkono juu ya tumbo. Walikuwa wamemwambia mtoto bado anacheza. Nikasimama kando ya kitanda, na neno lililonijia mdomoni, unalijua. Hujambo. Lilikuja lenyewe kwa mazoea. Nikalirudisha.

"Ndeshi," nikasema, "nilipokuja mlangoni kwako nilikuwa najua. Paka alikuwa ameshaanguka. Nilijua, nikakuuliza hujambo, nikaondoka."

Nilingoja anifukuze, na nilitamani anifukuze.

"Nilijua kuna kitu," akasema taratibu. "Siku zote unaingia. Siku ile hukuingia."

"Sasa mbona ulinijibu sijambo? Ulikuwa unatapika!"

"Sauti yako ilikuwa na hofu, dada," akasema. "Nikaona nisikuongezee."

Nililia, mwanangu, mpaka muuguzi akanitoa nje. Mimi nimesimama upande wa huku wa pazia naogopa kwa ajili yangu, na yeye upande wa pili, na sumu yangu tumboni, ananihurumia. Kitambaa kile kilikuwa chepesi, hata mtoto angekisogeza kwa kidole.

Kwa mjumbe nilijipeleka mwenyewe. Sanduku langu la kioo halikuvunjwa, ila kwa muda mrefu hakuna aliyenunua kitu kwangu, na sikuwalaumu. Mzee Shomari alikuwa mteja wangu wa kwanza niliporudi. Alisimama mezani, akanitazama kwa ile miwani yake ya uzi, akasema, "Sauda, una jambo?" Nikasema, "Sina, mzee." Akasema, "Kweli?" Nikasema, "Kweli." Ndipo akanunua. Na akawa ananiuliza hivyo kila siku aliyokuja, mpaka alipofariki.

Mtoto wa Ndeshi alizaliwa salama, msichana, na siku hizi ana duka la baba yake. Alipofika umri wa kuelewa nilimweleza mwenyewe, kwa mdomo wangu, mama yake akiwa amekaa pale. Alinyamaza siku mbili. Ya tatu akaja kuniamkia. Nasema haya usije ukadhani nakuhadithia mtu aliyesamehewa bila gharama.

Sasa nasaha yangu ndiyo hii. Salamu ni kitu kizuri, usiache kumwamkia mkubwa wala kumjulia hali jirani. Lakini usiifanye salamu mahali pa kujificha. Ninyi siku hizi mnaandikiana "Mambo?" mnajibiwa "Poa," na simu inazimwa, na kila mmoja anadhani ameshamtazama mwenzake. Ukiwa unajua jambo linaloweza kumdhuru mtu, usimuulize hujambo. Mwambie jambo lenyewe, kwa jina lake, hata kama jina lako litachafuka humo humo. Ukiogopa kusema, piga kelele ukiwa na hofu yako hivyo hivyo, kwa maana hofu haitoki kwanza ndipo useme. Na ukimsikia umpendaye anakujibu sijambo kutoka nyuma ya pazia, mwanangu, sogeza pazia.

Mungu akupe macho ya kuwatazama watu wako, na sauti ya kuwafikia kabla hawajatia tonge mdomoni. Akujalie jirani kama Bi Kidani, na akufanye wewe uwe Bi Kidani wa mtu mwingine. Nenda salama. Na hilo "salama," mimi nitakuja kuliangalia mwenyewe.